Jina halimo kwenye daftari? Kesi haisimamishi uchaguzi
Huko Gujarat, India, kila uchaguzi wa kamati ya soko la mazao ukikaribia, wapo wanaoamini kwamba daftari la wapiga kura likiwa na kasoro, mahakama italisimamisha zoezi zima. Si rahisi hivyo. Mwaka 2001, katika kesi ya ushirika wa maziwa wa Maharashtra, Mahakama ya Juu ilisema kuandaa daftari ni hatua ya uchaguzi wenyewe. Mchakato ukishaanza, majaji kwa kawaida hawauingilii. Unapinga majina orodha ya awali inapotoka, kisha unasubiri kura zipigwe ndipo ufungue shauri la kupinga matokeo. Inauma, hasa kwa kuwa wawakilishi wa wakulima kwenye kamati huchaguliwa na wajumbe wa bodi za ushirika wa mikopo ya kilimo, si na kila mwenye shamba. Mlango haujafungwa kabisa: Mahakama Kuu huingilia, ila kwa nadra.