Si kila shimo Iringa ni la dhahabu: dhana potofu kuhusu akiolojia

Dhana: Mtafiti anafuata mali ya Wajerumani

Hadithi hii haifi Nyanda za Juu Kusini: Mjerumani alipokimbia vita alifukia dhahabu na kuweka alama juu ya mwamba. Basi akitokea mtafiti wa mambo ya kale na kamba, chekeche na mwiko, kijiji kizima kimeshaanza kupiga hesabu za mgao. Usiku wapo wanaokwenda kumalizia kazi.

Ukweli ni kwamba anachokitafuta mtafiti hakina bei sokoni: mkaa, kibanzi cha jiwe, mfupa wa mnyama, na zaidi ya vyote, tabaka la udongo ambamo kila kimoja kililala. Shimo la msaka hazina huchanganya matabaka hayo, na hakuna utaalamu wa kuyapanga upya. Lakini lawama si ya wanakijiji peke yao. Mtafiti anayefika na kuondoka bila kukaa na watu, bila kuwaonyesha alichokitoa ardhini, anaipalilia hadithi hiyo mwenyewe.

Dhana: Kuokota jiwe moja Isimila hakudhuru

Isimila, korongo lenye zana za mawe za watu wa kale, iko kama kilomita 20 kutoka Iringa mjini, barabara ya Mbeya. Shoka zake za mawe zina zaidi ya miaka 200,000. Shoka moja likishafika sebuleni kwako, hilo ni jiwe zuri tu, halisemi lilitoka upande gani wa korongo wala lilikuwa na nini jirani. Na si suala la adabu peke yake: Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inadai kibali cha kuchimba na cha kupeleka mabaki nje ya nchi. Kibali hicho kinamhusu profesa kama kinavyomhusu mgeni wa matembezi.

Dhana: Mifupa ya kale haina mwenyewe

Hapa Uheheni sidhani kama kuna anayehitaji kufundishwa. Mtwa Mkwawa, mtawala wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, alikufa Mlambalasi mwaka 1898, na Wajerumani wakachukua kichwa chake. Mkataba wa Versailles wa 1919, wa amani baada ya Vita Kuu ya Kwanza, kifungu cha 246, uliitaka Ujerumani irudishe fuvu lake, lakini lilirudi mwaka 1954 tu, pale gavana Mwingereza wa Tanganyika, Edward Twining, alipolichagua kwa vipimo miongoni mwa mafuvu yaliyokuwa makumbusho ya Bremen, Ujerumani. Sasa liko kwenye makumbusho ya Kalenga, karibu na Iringa mjini. Wanaouliza kama kweli ni lake hawana ukorofi: wakusanyaji wa zama zile walithamini vipimo vya fuvu kuliko jina la marehemu. Na yale ambayo Twining hakuyachagua yalikuwa na ndugu pia.

Mlambalasi hiyohiyo, kwenye pango la mwamba, wanaakiolojia wamefukua mifupa ya watu wa Zama za Mawe za Mwisho. Hakuna ukoo unaoweza kuidai kwa jina. Hata hivyo wenyeji wana haki ya kuulizwa kabla haijafukuliwa, kuambiwa inahifadhiwa wapi, na kupewa majibu ya maabara kwa Kiswahili.