Dematomu: maana yake na namna inavyotumika katika tiba

Aliyewahi kuugua mkanda wa jeshi anaijua dematomu hata kama neno lenyewe hajawahi kulisikia. Maumivu ya kuunguza huanza upande mmoja wa kifua au tumbo. Baada ya siku chache malengelenge hujitokeza kwa ukanda unaoanzia karibu na uti wa mgongo, unapita ubavuni na kukomea katikati ya kifua, kana kwamba umepigwa rula. Upande wa pili ngozi haina hata doa. Ukanda huo ndio dematomu: eneo la ngozi ambalo hisia zake hupelekwa hasa na neva moja ya uti wa mgongo.

Neva hizo, au mishipa ya fahamu kama wengi tunavyoiita, hutoka kwenye uti wa mgongo jozi kwa jozi, moja kulia na moja kushoto, kupitia mianya iliyo kati ya pingili. Binadamu ana jozi 31: 8 za shingo, 12 za kifua, 5 za kiuno, 5 za sakramu (ule mfupa mpana ulio nyuma ya nyonga) na 1 ya kifandugu. Katika maandishi ya hospitali hutajwa kwa herufi na namba: C ni shingo, T ni kifua, L ni kiuno na S ni sakramu. Kwa hiyo ukiona T10 kwenye cheti, ujue inazungumziwa neva ya kumi ya kifua, au eneo lake la ngozi. Kila neva ina mizizi miwili. Wa mbele hupeleka amri kwenye misuli, wa nyuma huleta hisia za mguso, maumivu, joto na baridi. Dematomu ni mali ya huo mzizi wa nyuma. Neva ya kwanza kabisa, C1, kwa kawaida haina sehemu yake ya ngozi, ndiyo maana hesabu huanzia C2, kisogoni.

Uso hauhusiki na uti wa mgongo. Hisia zake hubebwa na neva ya tano ya fuvu, yenye matawi matatu: moja la paji la uso na jicho, moja la shavu na mdomo wa juu, moja la taya ya chini. Vitabu vingi huyachora maeneo hayo matatu kwenye ramani ileile ya dematomu, na ni sawa, mradi msomaji akumbuke kwamba chanzo chake ni kingine.

Wanafunzi wa udaktari na uuguzi hulazimika kukariri vituo vichache vya ramani hii, na kwa kweli vinatosha kwa kazi nyingi za kila siku. Kidole gumba cha mkono ni C6, kidole cha kati ni C7, kidole cha mwisho ni C8. Usawa wa chuchu ni T4, kitovu ni T10, kinena ni L1. Upande wa ndani wa ugoko ni L4. Juu ya mguu, pale kamba za kiatu zinapofungwa, hadi kwenye kidole gumba cha mguu, ni L5. Ukingo wa nje wa mguu na kidole chake cha mwisho ni S1. Nyuma ya paja ni S2, na ngozi inayozunguka njia ya haja kubwa ni S3 hadi S5.

Sasa weka kidole juu ya mfupa wa mtulinga, kisha ukishushe polepole kifuani. Ulipoanzia ni C4. Ukishuka kidogo tu, tayari uko T2. C5, C6, C7, C8 na T1 zimekwenda wapi? Ziko mkononi, zote tano. Hapa ndipo ramani inapoacha kuwa orodha ya kukariri na kuanza kueleweka, na hapa pia ndipo tunapokutana na maana ya pili ya neno hili.

Kuanzia wiki ya tatu tangu mimba itungwe, kando ya mgongo wa kiinitete hujipanga vijipande viwiliviwili vinavyoitwa somaiti. Kila somaiti hupata neva yake. Sehemu moja ya somaiti hutengeneza pingili na mbavu, nyingine hutengeneza misuli, na nyingine hutengeneza tabaka la ndani la ngozi ya mgongoni. Hiyo ya mwisho nayo huitwa dematomu, na ndiyo maana utakayoikuta kwenye vitabu vya elimu ya kiinitete. Kisha mikono na miguu huchipuka kutoka ubavuni, na kila chipukizi huondoka na ngozi pamoja na neva za mahali lilipochipukia. Mkono ukachukua C5 hadi T1, kifua kikabaki na pengo, nazo C4 na T2 zikakutana. Miguu iliendelea zaidi: ilipokuwa ikirefuka ilijizungusha hadi goti likaelekea mbele, na kwa sababu hiyo kanda zake zinakwenda mshazari badala ya kunyooka.

Jambo jingine huwasumbua wengi: mbona nyayo ziko chini kabisa ya mwili lakini makalio ndiyo yenye namba za mwisho? Piga picha mtu aliyeinama, mikono na miguu ikiwa sakafuni. Hapo mfuatano unanyooka kutoka kichwani hadi kwenye kifandugu, na miguu inaonekana ilivyo, yaani kitu kilichochomoza njiani.

Tukirudi kwenye mkanda wa jeshi, sababu ya ukanda ule sasa iko wazi. Kirusi chake ndicho kilekile cha tetekuwanga. Mtu akishapona tetekuwanga, kirusi hakiondoki. Hujificha kwenye kifundo cha seli za neva kilicho kando ya uti wa mgongo, kwenye mzizi ule wa nyuma, na kinaweza kulala humo miaka mingi. Kinga ya mwili ikishuka, kwa uzee, maradhi au dawa fulani, huamka na kushuka kwa kufuata neva hadi kwenye ngozi. Kinafuata neva moja, ya upande mmoja, na malengelenge yanatokea pale neva hiyo inapofika tu. Wapo watu wanaoogopa kwamba ncha mbili za mkanda zikikutana, mgonjwa hufa. Hofu hiyo haina msingi. Neva ya kulia huishia katikati ya mwili na ya kushoto vivyo hivyo, kwa hiyo upele wa kawaida hauna njia ya kuzunguka mwili mzima. Ukitokea pande zote mbili, au kwenye kanda nyingi zilizo mbalimbali, mara nyingi ni dalili kwamba kinga imedhoofika sana, na hilo ndilo la kuchunguzwa hospitalini.

Mambo mawili ya mkanda wa jeshi ningependa kila mtu ayajue. Kwanza, maumivu yanaweza kutangulia upele kwa siku kadhaa, na katika siku hizo mgonjwa hudhaniwa ana ugonjwa wa moyo, wa kibofu cha nyongo au wa mbavu, kutegemea dematomu iliyoguswa. Dawa za kudhibiti kirusi, kama asikloviri, hufanya kazi vizuri zaidi zikianzwa ndani ya saa 72 tangu upele utokee, kwa hiyo kungoja uone utaishaje ni kupoteza nafasi. Pili, malengelenge yakitokea kwenye ncha ya pua, jicho la upande huo liko hatarini, kwa sababu kijitawi kimoja cha ile neva ya tano ya fuvu ndicho kinachohudumia vyote viwili. Mgonjwa huyo apelekwe kwa daktari wa macho siku hiyohiyo.

Matumizi mengine makubwa ya dematomu ni kutafuta mahali neva ilipobanwa. Mgonjwa analalamika mgongo, na maumivu yanateremka nyuma ya paja hadi kwenye ukingo wa nje wa mguu, ambako kidole cha mwisho kimekufa ganzi. Daktari kabla ya kuagiza picha yoyote ameshaiwazia S1. Kama ganzi iko juu ya mguu na kidole gumba, anaiwazia L5. Kifaa chake ni kipande cha pamba na pini safi: mgonjwa hufumba macho, kisha huguswa hapa na pale, kulia na kushoto, na kuulizwa kama anahisi sawasawa. Pini ina siri yake. Kanda za jirani hupandana, na kwa mguso mwepesi hupandana zaidi kuliko kwa maumivu. Mzizi mmoja ukikatika, majirani wawili huendelea kuuhisi mguso wa pamba, lakini mchomo wa pini huweza kuonyesha pale hisia zilipopungua.

Mtego mkubwa uko kidoleni. Dematomu ni eneo la mzizi mmoja, lakini mizizi ikishatoka shingoni huchanganyika kwapani na kutengeneza neva za mkono, na kila neva ya mkono ina eneo lake la ngozi ambalo halilingani na dematomu. Mtu mwenye ganzi kwenye kidole cha mwisho anaweza kuwa na tatizo la C8 shingoni, au neva ya alina iliyobanwa kwenye kiwiko. Kitazame kidole cha pete. Neva ya alina kwa kawaida hukigawa katikati, nusu iliyo upande wa kidole cha mwisho ikawa na ganzi na nusu nyingine ikabaki nzima. Tatizo la mzizi halichori mpaka katikati ya kidole namna hiyo, na ganzi yake huweza kupanda hadi upande wa ndani wa kigasha. Uchunguzi huo wa dakika moja unaweza kumwepusha mtu na vipimo vya shingo asivyovihitaji.

Ramani yenyewe nayo isichukuliwe kama mipaka ya nchi. Mwingereza Charles Sherrington aliitafuta kwa nyani mwishoni mwa karne ya 19, akikata mizizi ya juu na ya chini na kuacha mmoja ili aone ngozi inayobaki na hisia. Mwaka 1900 Henry Head na Alfred Campbell walichora ramani ya binadamu kwa kufuata upele wa wagonjwa wa mkanda wa jeshi. Mjerumani Otfrid Foerster alichapisha yake mwaka 1933 kutokana na wagonjwa aliowakata mizizi ya neva ili kuwaondolea maumivu. Mwaka 1948 Jay Keegan na Frederic Garrett wakatoa nyingine, iliyotegemea zaidi wagonjwa wa diski za mgongo, na kanda zake za miguuni hazifanani na za Foerster. Vitabu vya leo vimerithi huku na kule, ndiyo maana ukivilinganisha viwili unakuta goti moja ni L3 na jingine ni L4. Mwanafunzi asibabaike. Miili nayo hutofautiana, na katikati ya ukanda ndipo pa kuaminiwa kuliko pembezoni.

Wataalamu wa ganzi huitumia ramani hii kila siku. Mama anayejifungua kwa upasuaji akichomwa sindano ya mgongoni, mtaalamu humgusa kwa kitu cha baridi kuanzia tumboni kwenda juu, akiuliza ni wapi baridi inaanza kusikika. Ganzi inatakiwa ifike karibu na T4, usawa wa chuchu, ingawa kisu kitapita chini ya kitovu, kwa sababu utando wa ndani ya tumbo unaoguswa na kuvutwa hupeleka hisia juu zaidi ya pale ngozi inapokatwa. Kwa aliyeumia uti wa mgongo, hupimwa vituo 28 kila upande wa mwili, na kila kituo hupewa 0, 1 au 2. Kituo cha mwisho, kando ya njia ya haja kubwa, hakirukwi hata kama mgonjwa anaona haya. Hisia zikiwepo pale, hata kidogo, kuna nyuzi za neva zilizosalimika, na matumaini ya kupona ni makubwa zaidi.

Eneo hilohilo lina onyo lake. Mwenye maumivu ya mgongo akianza kufa ganzi kwenye makalio na sehemu za siri, mahali panapogusa tandiko mtu akipanda farasi, au akashindwa kukojoa, fungu la neva za chini huenda limebanwa lote kwa pamoja. Hiyo ni dharura ya saa, si ya kesho kutwa.

Imebaki maana ya tatu, ambayo haihusu neva. Neno hili limeundwa kwa Kigiriki, ngozi na kukata, na katika chumba cha upasuaji dematomu ni mashine ya kukatia ngozi ya kupandikiza. Daktari wa upasuaji Earl Padgett na mhandisi George Hood walitengeneza ya kwanza iliyoenea, ya silinda, miaka ya 1930 huko Kansas, Marekani. Za leo huendeshwa kwa umeme au hewa. Daktari hurekebisha unene, hulainisha paja kwa mafuta, msaidizi huivuta ngozi ikaze, kisha wembe unaotetema hupitishwa na kutoa utando mwembamba usiofika nusu milimita. Utando huo hulazwa juu ya kidonda cha moto kilichosafishwa. Paja lililochunwa hupona lenyewe kwa takriban wiki mbili, kwa sababu mashina ya vinyweleo na tezi za jasho yamebaki chini, na seli zake ndizo zinazotambaa na kuifunika ngozi upya.