Kima wamejaa City Park: mbona watafiti wazalishe nyani wao?

Pita City Park, pale Parklands jijini Nairobi, na ndizi mkononi, uone kama kima watakuachia. Nenda Karen, kwenye msitu wa Oloolua, nako wapo juu ya miti. Na humo humo Oloolua ndimo ilimo Taasisi ya Utafiti wa Nyani ya Kenya, ambayo Louis Leakey, mtafiti wa mabaki ya watu wa kale, aliianzishia Tigoni mwaka 1960 kabla haijahamia Karen. Je, kwa nini mtafiti ahangaike kuzalisha mnyama wa majaribio, ilhali jamaa zake anawaona dirishani?

Kwa sababu wa dirishani hana cheti cha kuzaliwa. Umri wake ni wa kukisia kwa meno, na magonjwa aliyopitia anayajua mwenyewe. Tumbili wengi wa Afrika hubeba SIV, binamu wa virusi vya Ukimwi, wala hawaugui. Nyani anayekunywa maji mtoni huenda ana minyoo ya kichocho tayari. Mjaribishie dawa ya kichocho, na hutajua minyoo uliyomtia ni ipi na aliyokuja nayo ni ipi.

Tena kuna hatari kwa binadamu. Mwaka 1967 tumbili waliokamatwa Uganda walipelekwa Ulaya, ambako figo zao zilitumika kukuzia seli za kutengenezea chanjo. Wafanyakazi wa maabara wa Marburg, Frankfurt na Belgrade wakaanza kuugua ugonjwa usiojulikana. Watu 31 waliambukizwa, 7 wakafa. Ndivyo virusi vya Marburg vilivyopata jina.

Lakini kuzalisha nyani si kama kuzalisha panya. Panya hubeba mimba wiki 3 tu, akazaa kundi. Nyani jike hungoja miaka kama 4 au 5 ndipo akomae, abebe mimba miezi 6, azae mtoto mmoja, kisha amnyonyeshe kwa miezi mingi. Ukimwachisha mapema ili mama ashike mimba haraka, mtoto hukua na tabia za ajabu: hujikumbatia, hujiuma, hawezi kuishi na wenzake. Kwa hiyo huwekwa kwa makundi, dume mmoja na majike kadhaa, na dume hubadilishwa ili asije akapanda mabinti zake.

Basi mbona wasitumie panya tu? Mara nyingi hutumia, na mimi ningependa iwe hivyo daima. Ila panya wa kawaida wa maabara hapati hedhi. Nyani jike hupata, kila siku 33 hivi, na makalio yake huvimba na kunywea kufuata mzunguko huo, hata mtafiti husoma kalenda kwa macho bila kumtoa damu. (Watoto hucheka, wataalamu wanashukuru.) Ndiyo maana Karen nyani wametumika kuchunguza endometriosisi, maradhi yanayowatesa wanawake ambapo tishu kama za ndani ya mfuko wa uzazi humea nje yake.

Hata aliyezaliwa kizimbani hupimwa tena na tena, hasa kifua kikuu, ambacho anaweza kuambukizwa na mtu anayemlisha. Sindano ya kipimo hicho hudungwa kwenye ukope wa juu. Ukivimba, dalili kwamba huenda ameambukizwa, daktari anauona akiwa nje ya wavu, bila kumkamata mara ya pili.