Je, wajua? Mwigizaji mmoja, mchezo mmoja, miaka zaidi ya 20

Juni 1995, Martin Wuttke alianza kumcheza Arturo Ui katika jumba la maigizo la Berliner Ensemble, Berlin. Tamthilia ni ya Bertolt Brecht, mwongozaji alikuwa Heiner Müller, na Ui ni jambazi wa Chicago anayepanda madarakani kwa njia za Hitler. Mchezo huo umevuka maonyesho 400. Katikati yake, kuanzia 2008 hadi 2015, Wuttke huyohuyo alikuwa mpelelezi Keppler wa Leipzig katika Tatort, filamu za televisheni za Jumapili usiku. Aliwezaje?

Wengi hudhani alikuwa akitoka mbio kwenye kamera kila jioni ili awahi pazia. Kosa hilo huletwa na mazoea ya London na New York: kule mchezo huoneshwa mara nane kwa wiki, kwa hiyo maonyesho 400 huisha kwa wiki 50. Sasa yagawe kwa miaka 20: ni 20 kwa mwaka, hata mawili kwa mwezi hayafiki. Huo ni wastani tu, maana miaka haifanani. Lakini picha inageuka kabisa: muda mwingi wa maisha yake, mchezo huu uliodumu ulikuwa umelala ghalani.

Fikiria sanduku la kanga. Mwenye nalo havai doti moja mpaka ichanike. Huvaa, hufua, hukunja, kesho hutoa nyingine. Jumba la Kijerumani hubadili mchezo karibu kila usiku namna hiyohiyo. Saa 4 asubuhi mpaka saa 8 mchana jukwaa ni la mazoezi ya mchezo mpya. Kisha mafundi huondoa vitu vya mazoezi, hujenga mandhari ya usiku, na pazia likishuka hubomoa tena. Kwa hiyo kila ukuta lazima uvunjike vipande vinavyopita mlangoni na kuingia kwenye lori. Mbunifu akilisahau hilo, ameuua mchezo kabla wahakiki hawajaufikia.

Mchezo uliolala wiki kadhaa haujiamshi. Hufanyiwa zoezi la kuurejesha, na usiku wenyewe mnong'onezaji hukaa karibu na jukwaa akifuata maneno kitabuni.

Filamu moja ya Tatort, dakika 90 hivi, huchukua siku ishirini na ushei kupigwa. Mwajiriwa wa jumba huomba ruhusa kwanza, halafu jioni zake za jukwaani huandikwa kwenye mkataba wa filamu, pamoja na muda wa treni.

Udhaifu uko kwenye ugonjwa. Kwa kawaida majumba haya hayaweki mbadala aliyekwisha jifunza nafasi. Mwigizaji mkuu akiugua asubuhi, ofisi ya ratiba hutafuta mchezo mwingine ambao waigizaji wake wako mjini na mandhari yake itasimama kabla ya saa 1:30 usiku. Kwa nafasi ndogo, mwenzake huvaa mavazi ya mgonjwa na kupanda jukwaani akisoma kitabu mkononi, na watazamaji humpigia makofi kuliko wote.