Kwa nini maharamia wa Kisomali walihukumiwa Mombasa?

Ukikaa Mama Ngina, ufukweni mwa Mombasa, jioni na kachri zako za muhogo, ndimu na pilipili juu, meli hupita karibu hadi unalisoma jina lake ubavuni. Februari 2009 ilipita hapo meli ya Kiukreni, MV Faina, na vifaru 33 vya kivita tumboni. Maharamia wa Kisomali walikuwa wameiteka Septemba 2008 wakakaa nayo zaidi ya miezi minne mpaka ikakombolewa kwa fedha. Vifaru vyenyewe vina kisa chake: serikali ya Kenya ilisema ni vyake, wengine wakashikilia kuwa safari yao ilikuwa ni ya Sudan Kusini. Tuyaache hayo.

Mwezi uliofuata manowari ya Ujerumani iliwakamata vijana tisa wa Kisomali kwenye Ghuba ya Aden, wakituhumiwa kuishambulia meli ya mizigo. Haikuwapeleka Ujerumani, wala haikuwarudisha Somalia. Iliwaleta Mombasa, wakapandishwa kizimbani. Aliyeshtakiwa si Mkenya, aliyemkamata si Mkenya, na maji yalikotokea hayo si ya Kenya. Sasa sisi tunaingiaje?

Wengi hujibu upesi kwamba ni kwa sababu tuko karibu. Lakini Djibouti iko mlangoni kabisa mwa Ghuba ya Aden, na Wafaransa na Wamarekani wana kambi zao huko. Ukaribu peke yake hautoshi.

Tuanze na sheria. Uharamia ni miongoni mwa makosa machache ambayo tangu zamani nchi yoyote inaruhusiwa kuyashughulikia, hata kama hayakuigusa. Sababu ni kwamba bahari kuu haina mwenyewe, na kama tungengoja mwenye bahari amkamate mwizi, mwizi angezeeka kwa amani. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982 umeliandika hilo katika kifungu cha 105: kila nchi inaweza kuikamata meli ya maharamia kwenye bahari kuu, na mahakama za nchi iliyokamata zinaweza kuamua adhabu.

Liangalie neno “inaweza”. Kifungu hakisemi “lazima”. Hapo ndipo sheria inaponyamaza na siasa inapoanza kuongea. Kila mtu amepewa ufunguo, hakuna aliyeamriwa kufungua mlango.

Mwaka 2008 manowari zilikuwa tele. Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilipitisha azimio namba 1816 mwezi Juni, likiruhusu meli za kivita ziwafuate maharamia hadi ndani ya maji ya Somalia, kwa idhini ya serikali ya mpito ya Somalia. Hata azimio hilo lina alama za vidole vya wanasiasa. Limesema waziwazi kwamba ruhusa hiyo ni ya Somalia tu na isihesabiwe kuwa desturi ya sheria. Indonesia ilikuwa miongoni mwa waliolisisitiza hilo, na ukikumbuka Mlango wa Malacca, mkondo wa bahari ulio mlangoni mwake, ulivyo na wezi wake na wakubwa wanaoutamani, utaelewa kwa nini.

Kumkamata mtu ikawa rahisi. Kukaa naye ndiyo kazi. Serikali za Ulaya ziliogopa kwamba haramia akifikishwa kwao, akafungwa na kumaliza kifungo, ataomba hifadhi abaki huko huko. Kumrudisha Somalia nako kulikuwa na kizuizi: sheria za Ulaya za haki za binadamu haziruhusu kumkabidhi mtu mahali anapoweza kuteswa au kuuawa. Basi mara nyingi wanamaji waliwanyang’anya silaha, wakatupa ngazi zao baharini, wakawaachilia waende zao. Fikiria askari anayemkamata mwizi sokoni Kongowea, anachukua panga lake, kisha anamwambia kwaheri.

Kenya ndiyo iliyokubali kuubeba mzigo, na haikuwa mgeni. Mwaka 2006 mahakama ya Mombasa ilikuwa tayari imewafunga Wasomali kumi miaka saba kila mmoja kwa kuteka jahazi la Kihindi, baada ya kukamatwa na manowari ya Marekani. Kati ya Desemba 2008 na Machi 2009 serikali ikatia saini makubaliano na Uingereza, Marekani na Umoja wa Ulaya. Ilikuwa na maslahi yake. Bandari ya Kilindini ilikuwa inaumia, na hata meli ya Kimarekani Maersk Alabama, iliyovamiwa Aprili 2009, ilikuwa njiani kuja hapa na chakula cha msaada. Pamoja na hayo kulikuwa na ahadi za kusaidiwa mahakama na magereza. Binafsi sioni aibu katika biashara hiyo, ila tusiiite wema mtupu.

Mapenzi hayakudumu. Mwaka 2010 Kenya ililalamika kwamba mzigo ni mkubwa kuliko msaada, ikajitoa kwenye makubaliano. Na kejeli ni kwamba mwaka huo huo, mwezi Juni, chumba kipya cha mahakama kilifunguliwa pale gereza la Shimo la Tewa, Shanzu, kwa ajili ya kesi nzito kama hizi.

Wale vijana tisa je? Novemba 2010 Jaji Mohamed Ibrahim wa Mahakama Kuu Mombasa aliamua kwamba mahakama za Kenya hazina mamlaka juu ya kosa lililotendwa nje ya maji ya Kenya. Kwa wanadiplomasia lilikuwa bomu, maana mpango mzima ulisimama juu ya mamlaka hayo. Oktoba 2012 Mahakama ya Rufani ikamgeuza: uharamia ni kosa ambalo nchi yoyote inaweza kulihukumu, Kenya ikiwemo.

Usidhani kwamba baada ya hapo Kenya iligeuka mfuasi mwaminifu wa sheria ya kimataifa. Oktoba 2021 Mahakama ya Kimataifa ya Haki, The Hague, ilichora mpaka wa bahari kati ya Kenya na Somalia kwa namna iliyoipa Somalia sehemu kubwa ya eneo lililogombaniwa. Nairobi iliikataa hukumu hiyo. Mahakama ile haina polisi wa kuwatuma Kiunga, kule mpakani.

Ruhusa ya kuingia maji ya Somalia ilikwisha Machi 2022. Desemba 2023 maharamia wakarudi na kuiteka meli ya mizigo MV Ruen, na Machi 2024 wanamaji wa India waliikomboa na kuwakamata watu 35. Zamani huenda wangeletwa Shanzu. Lakini India ilikuwa imetunga sheria yake ya uharamia mwaka 2022, tena ilitaka ionekane kuwa ndiye mlinzi wa bahari hii. Wote 35 wakashushwa Mumbai.