Ziwa Kivu Halibubujiki: Acheni Kulibandika Mapovu

Karibu kila filamu ya Ziwa Kivu, kamera ikizama tu majini, sauti ni ileile: blu-blu-blu. Mhariri ameyachota mapovu kwenye maktaba ya sauti, na ukimuuliza anajibu kwamba chini ya maji ni kimya, halafu si kuna gesi, basi lazima ibubujike. Nimechoka kulisikia hilo. Hayo yote mawili ni makosa.

Gesi kwanza. Methani ya Kivu, takriban kilomita za ujazo 60, na kaboni dioksidi kama 300, zimeyeyuka katika maji ya kina, na methani nyingi iko chini ya mita 260 hivi. Maji yale yana chumvi na ni mazito, hayapandi. Na uzito wa maji ya juu unaibana gesi isitoke. Itazame chupa ya Fanta kabla haijafunguliwa: huoni povu hata moja. Povu huzaliwa maji ya kina yanapopandishwa kwenye bomba na mgandamizo kupungua, kama kwenye mtambo wa umeme kule Karongi, Rwanda. Ukining'iniza haidrofoni, yaani maikrofoni ya majini, mita 5 pale Kituku, Goma, utasikia mengi, lakini methani hiyo huisikii.

Tena gesi inayoua huku kwetu haitoi sauti wala harufu. Mazuku ni kaboni dioksidi iliyotuama mabondeni kwa sababu ni nzito kuliko hewa. Ukirekodi upande wa Bulengo au Lac Vert, magharibi ya Goma, usichuchumae kwenye shimo la mawe na vipokea sauti masikioni, hasa alfajiri kukiwa hakuna upepo. Simama mahali pa juu, uwe na mwenzako.

Sasa hicho "kimya". Mara nyingi ni kosa la fundi. Haidrofoni ya bei nafuu ni kisahani cha piezo (kinachogeuza mtetemo kuwa umeme) cha milimita 27, kile cha kengele za milango, kilicholehemiwa kwenye waya wa maikrofoni wenye wavu wa shaba na kufunikwa kwa epoksi. Watu wanakichomeka moja kwa moja kwenye rekoda, wanasikia mkwaruzo mwembamba, wanasema ziwa limelala. Piga hesabu. Kisahani hicho kina kapasitansi, yaani uwezo wa kuhifadhi chaji ya umeme, ya takriban nanofaradi 20; kikikutana na ukinzani mdogo, sauti nene hukatwa. Ingizo la maikrofoni likiwa na ukinzani wa ohmu 5,000, kila kilicho chini ya hezi 1,600 hivi kinaanza kupotea: injini ya boti, mawimbi, mawe yanayosagana. Besi yote imekwenda! Weka katikati kikuza sauti chenye ingizo la ohmu milioni 1, na mpaka unashuka hadi hezi 8. Ziwa halijabadilika, ni ukinzani tu.

Kosa la pili ni kina. Maji ya mita 1 juu ya mwamba mgumu wa lava hayabebi vizuri sauti zilizo chini ya hezi 370. Nenda kwenye maji ya mita 5 au zaidi.

Na mapovu mnayoyasikia kweli? Chunguzeni vifaa vyenu. Haidrofoni ikiingia majini, vipovu vya hewa huganda juu ya epoksi, vikiachia vinalia tik, tik. Ipanguse kwa kidole chenye sabuni, ngoja dakika 10. Pia epoksi ikikorogwa kwa haraka hubaki na hewa ndani. Ikoroge taratibu, ipake unene wa milimita 2 hadi 3, iache saa 24. Maji yakipenyeza hadi kwenye lehemu, waya unaanza kutatarika, na mtatariko huo unafanana sana na samaki anayetafuna. Ijaribu kwanza usiku mzima kwenye ndoo.

Jiwe la kuzamisha lifungwe kwa kamba yake, lisifungwe kwenye waya. Juu, ning'iniza kwa kipande cha mpira wa ndani wa baiskeli ili boti ikiyumba isiuvute waya.

Hata ukifanya yote hayo, kuna jambo linalonisumbua. Kisahani cha shaba nyeupe kina mlio wake chenyewe, kwa hiyo sehemu ya "sauti ya ziwa" ni sauti ya chuma. Na tik moja ya kokoto la lava haitofautiani kwa sikio na tik ya samaki. Hata ukitumia haidrofoni mbili zilizokaribiana kama masikio, huwezi kuelekeza kidole kwa kusikiliza tu, maana sauti majini hukimbia karibu mita 1,480 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya hewani, na masikio yetu hayakuumbwa kwa kasi hiyo. Ndiyo maana naandika kwenye filamu aina ya kifaa, kina na saa, bila kumtaja samaki nisiyemwona.

Wavuvi wa sambaza, wale samaki wadogo wa Kivu, wakipita usiku na mitumbwi yao mitatu iliyofungwa pamoja, huku juu unasikia wimbo. Chini ya maji wimbo haupo, kwa sababu uso wa maji unarudisha karibu sauti yote ya hewani. Kinachofika ni kasia likigonga ubao, ko, ko, kavu na karibu kabisa, hata kama mtumbwi uko mbali. Sauti hiyo haipo kwenye maktaba yoyote ya mapovu.