Huang He: mto wa kuzamishiwa, si wa kuoga

Wengi wanaoanza kusoma dini za China hufika Huang He, yaani Mto Manjano, wakiwa na picha ya Ganga, mto mtakatifu wa India, kichwani: ngazi za mawe, umati wa alfajiri, watu wakijitosa majini kuosha dhambi. Picha hiyo iwekwe kando mapema, maana itapotosha kila kitakachofuata. Mwenye haja na Huang He hakwenda kuoga. Alikwenda na kitu cha thamani, akakitamka, akakizamisha, akageuka kusubiri jibu.

Tofauti hiyo ndiyo msingi wa jambo lote. Kwa Wachina wa kale mto huu ulikuwa mkubwa mwenye cheo, mwenye eneo lake la utawala na hasira zake, na watu waliamiliana naye kama mtu anavyoamiliana na mkubwa: kwa zawadi, kwa kiapo, kwa malalamiko, na mara nyingine kwa kumkatalia.

Ushahidi wa zamani kabisa umechongwa kwenye mifupa na magamba ya kobe yaliyochimbuliwa Anyang, mji mkuu wa mwisho wa wafalme wa Shang, kati ya mwaka 1250 na 1046 KK hivi. Waaguzi wa mfalme walitoboa vijishimo upande wa ndani wa mfupa, wakavichoma kwa moto hadi mfupa ukapasuka, kisha wakausoma ule ufa. Swali na pengine jibu vilichongwa pembeni. Humo mto unaitwa *He* tu, bila rangi yoyote, na unaulizwa mambo mazito: mvua, mavuno, kama ndio uliozuia mtama usikomae. Maswali yenyewe yana hesabu ndani yake: tuchome kondoo wangapi, tuzamishe ng'ombe wangapi? Mfupa ukikataa idadi moja, linaulizwa swali jingine lenye idadi nyingine. Na alama waliyoandikia neno "kuzamisha" inaonyesha kichwa cha ng'ombe chenye pembe katikati, maji yakitiririka huku na huku. Kwa maoni yangu hakuna maelezo ya ibada hii yanayoshinda kachoro hako kadogo.

Baadaye desturi ilipangwa vizuri zaidi. Sadaka ya Mbingu ilichomwa, moshi upande juu. Ya Ardhi ilifukiwa. Ya milima ilitundikwa au kufukiwa. Ya mito ilizamishwa. Kila nguvu ilipewa chakula chake kwa njia ya kukifikia. Kwa mto, vitu vya hali ya juu vilikuwa jade, jiwe gumu la thamani, na farasi mweupe. Jade ilikuwa ya namna mbili: *bi*, bamba la duara lenye tundu katikati, na *gui*, kibao kirefu chenye ncha ambacho mtawala alikishika mkononi kuonyesha cheo. Ukimtosea mto *gui*, umempa alama ya utawala wenyewe, kwa hiyo haikuwa sadaka ya kila mtu wala ya kila haja.

Matumizi yake ya kiapo yanaonekana mwaka 636 KK. Chong'er, mwana wa mtawala wa Jin, alikuwa anavuka mto kurudi kwao baada ya miaka 19 ya uhamishoni. Mjomba wake aliyemfuata muda wote akamrudishia *bi*, akiomba aachwe kwa sababu ya makosa yake ya safarini. Chong'er akaapa kwa maji yale kwamba moyo wake na wa mjomba ni mmoja, akalitosa bamba mtoni. Hapo mto ni shahidi: hati imewekwa mahali ambapo hakuna atakayeifuta.

Kuna sadaka zilizoharibika pia, na hizo zinafundisha zaidi. Mwaka 518 KK Zichao, mwana wa mfalme aliyekuwa anagombea kiti cha Zhou, alitosa *gui* ya hazina ya kifalme. Siku ya pili yake wavushaji wakaikuta ukingoni. Mto umeirudisha! Simulizi inaendelea kwamba aliyeinyang'anya kwa wavushaji alipotaka kuiuza iligeuka jiwe la kawaida. Miaka miwili baadaye Zichao alishindwa akakimbia. Kwa msomaji wa zama zile hakukuwa na haja ya ufafanuzi: sadaka ikielea au ikirudi, ombi limekataliwa.

Kosa jingine ni kumnyima mto. Mwaka 632 KK, kabla ya vita vya Chengpu, jemadari Ziyu wa dola ya Chu aliota mungu wa mto akimwomba mapambo ya jade ya farasi wake, na akimwahidi nchi kama malipo. Ziyu akakataa, hata mwanawe alipotuma mtu kumsihi. Akashindwa vitani, akajiua.

Ila kosa la mwisho ndilo ninalolipenda, kwa kuwa wengi hawalitegemei: kumpa mto kisichomhusu. Mwaka 489 KK mfalme Zhao wa Chu alikuwa mgonjwa. Waaguzi wakasema Huang He ndio unaomsumbua, atoe kafara. Mfalme akakataa. Mito ya Chu, alisema, ni Yangzi, Han, Ju na Zhang. Heri na shari za Chu hazitoki nje ya hiyo. "Mimi huenda sina wema, lakini Huang He si mto niliokosana nao." Confucius alimsifu kwa hilo. Mfalme hakusema mungu wa mto hayupo. Alisema hana mamlaka hapa. Kila nguvu ina mipaka, na kuivuka kwa sadaka ni kukosa adabu, hata kama sadaka ni nono.

Mungu mwenyewe huitwa Hebo. *He* ni mto, na *bo* ni cheo cha ukabaila, kama kusema "bwana wa jimbo". Jina lake binafsi ni Feng Yi au Bing Yi, na simulizi moja inasema alikuwa binadamu aliyezama akivuka mto mwezi wa 8, kisha mtawala wa Mbinguni akamteua kushika cheo hicho. Neno la kushika hapo ni "akamteua". Aliyezama akapewa kazi.

Sasa tufike Ye, kusini mwa Hebei ya leo, karne ya 5 KK. Hapa ndipo habari ya bi harusi wa Hebo inapotoka, na husimuliwa vibaya mara kwa mara. Ye iko kwenye Mto Zhang (si ule Zhang wa Chu), ambao wakati huo ulimiminikia Huang He. Hebo alikuwa anaabudiwa kwenye kijito chake. Kila mwaka wazee wa wilaya na makarani walikusanya kwa raia sarafu milioni kadhaa. Laki mbili hadi tatu zilitumika kwenye harusi, zilizobaki waligawana na waganga. Mganga mkuu, bibi wa miaka kama 70 mwenye wanafunzi wa kike kumi hivi, alipita nyumba za watu wadogo kutafuta msichana mzuri. Msichana aliogeshwa, akashonewa hariri mpya, akatengwa peke yake ukingoni ndani ya nyumba ya kujitakasa yenye mapazia mekundu na manjano, akalishwa nyama ya ng'ombe na pombe kwa siku kumi na ushei. Kisha akapambwa, akakalishwa juu ya kitanda na mkeka wa harusi, akasukumwa majini. Kitanda kilielea mwendo mrefu kabla ya kuzama. Wenye mabinti wakahama mji, na mji ukazidi kuwa maskini.

Ximen Bao, liwali mpya aliyetumwa na mtawala wa Wei, alihudhuria harusi kwa heshima zote mbele ya watu elfu mbili tatu. Akamtazama msichana, akasema huyu si mzuri wa kutosha. Tafadhali bibi mganga aende akamwarifu Hebo kwamba tutamletea mwingine siku nyingine. Askari wakamtosa bibi. Baada ya kitambo akasema bibi anachelewa, aende mwanafunzi akamhimize. Wakatoswa watatu mmoja mmoja. Kisha akasema wanawake hawajui kueleza, aende mzee wa wilaya. Naye akatoswa. Ximen Bao akasimama amejipinda kuelekea maji, kalamu kichwani kama karani anayesubiri amri, muda mrefu. Alipogeuka kuuliza nani afuate, waliobaki waligonga vichwa chini hadi damu ikawatoka.

Husemwa alikuwa mtu asiyeamini miungu. Simulizi yenyewe haisemi hivyo hata mara moja. Alitumia lugha ya ibada ile ile, ya mkubwa na wajumbe wake, akaifuata hadi mwisho wake. Baada ya hapo akachimba mifereji 12 ya kumwagilia mashamba. Na jambo linalosahaulika: desturi hiyo haikuwa ya wahuni wa Ye peke yao, kwa kuwa kumbukumbu za dola ya Qin zinaandika kwamba mwaka 417 KK dola hiyo nayo ilianza kuuoza mto binti wa ukoo wa mtawala.

Tuta na ibada vimekwenda pamoja siku zote. Huang He ulikuwa unabeba tope jingi kuliko karibu mto wowote duniani. Katikati ya karne ya 20 lilikadiriwa kuwa tani bilioni 1.6 kwa mwaka. Tope likitua, sakafu ya mto hupanda, watu huinua matuta, sakafu hupanda tena, mpaka mto unapita juu ya mashamba. Tuta likipasuka hapo, maji hayarudi yenyewe. Mwaka 132 KK lilipasuka Huzi, karibu na Puyang. Ukarabati wa kwanza ukabomoka. Waziri Tian Fen, ambaye mashamba yake yalikuwa upande wa kaskazini na hivyo salama, akamwambia mfalme kwamba kupasuka kwa mito ni kazi ya Mbingu, si vyema kushindana nayo. Maji yakatembea mashambani zaidi ya miaka 20. Mwaka 109 KK mfalme Wu wa dola ya Han akaenda mwenyewe, akazamisha farasi mweupe na *bi*, kisha akaamuru maofisa wote, kuanzia majemadari kwenda chini, wabebe matita ya kuni kuziba pengo. Kuni zilikuwa haba, wakakata mianzi ya bustani ya Qi kufanya vigingi. Kwenye wimbo alioutunga hapo, mfalme anauliza kwa nini Hebo hana huruma. Sadaka na kigingi vilikuwa kazi ya siku moja, na kumtupia Mbingu lawama badala ya kubeba tita ndio uliokuwa ukosefu wa dini.

Vyeo vya mto viliendelea kupanda kama vya mtumishi wa serikali. Dola iliabudu mito mikuu minne: Yangzi, Huang He, Huai na Ji. Mwaka 747 watawala wa Tang waliipa mito hiyo cheo cha *gong*, yaani kabaila wa daraja ya juu; mwaka 1040 Song wakaipandisha kuwa wafalme. Mwaka 1370 mwanzilishi wa Ming akafuta vyote kwa tangazo moja: mtu hana haki ya kumpa mungu cheo, hivyo kuanzia sasa ni "Mungu wa Mto Mkuu wa Magharibi" basi.

Nafasi ikajazwa na watu wa chini. Mabaharia na wajenzi wa matuta walimwomba "Mfalme Mkuu wa Nne wa Joka la Dhahabu", ambaye ni Xie Xu, msomi aliyejitosa majini dola ya Song ilipoanguka. Ni "wa nne" kwa kuwa alikuwa mtoto wa nne, na Joka la Dhahabu ni mlima alikoishi. Chini ya watawala wa Qing wakaongezeka wengine, wakiwemo wasimamizi halisi wa mto. Mmoja ni Li Yumei, aliyefariki 1840 akiwa kazini na aliyejulikana kwa kuimarisha matuta kwa matofali. Wafalme hawa walisemwa kujionyesha kama nyoka wadogo wa majini. Nyoka alipoonekana kwenye tuta, hasa wakati wa kuziba pengo, aliwekwa kwenye sinia, akabebwa hekaluni, akafukiziwa ubani na kuchezewa opera. Ukubwa, umbo la kichwa na rangi vilitumika kuamua ni yupi amekuja: jina la ukoo la Li Yumei huandikwa kwa herufi ya kokwa lenye ganda la kahawia, na nyoka wake alitambulika kwa rangi hiyo hiyo.

Chuma nacho kilikuwa na kazi yake. Nje ya Kaifeng yuko kifaru wa chuma, aitwaye pia ng'ombe wa chuma, aliyesubuwa mwaka 1446 kwa agizo la gavana Yu Qian, amekaa kitako akiutazama mto. Hesabu yake ni ya elementi tano za Wachina (mbao, moto, udongo, metali na maji): metali huzaa maji, na mtoto hapigani na mama, ng'ombe ni wa udongo, na udongo hushinda maji. Kwa akili hiyo, ng'ombe wa chuma anaushika mto pande mbili.

Leo ibada iliyo rahisi kuiona ni ya taa, huko Hequ mkoani Shanxi, usiku wa tarehe 15 ya mwezi wa 7 wa kalenda ya mwezi. Taa za karatasi 365 huachiwa mtoni, zikaelea kwa mstari gizani. Hapa wageni hukosea tena, wakadhani ni sadaka kwa Hebo. Usiku huo ni wa roho zisizo na wa kuwakumbuka, waliozama na waliokufa ugenini, na taa ni ya kuwamulikia njia. Ndiyo maana hii peke yake haizamishwi: huachwa iende na maji mpaka mshumaa uishe.